Shajara ya mradi: haidrofoni ya shule na pomboo wa Kizimkazi

15 Juni

Tumeanza. Wanafunzi sita wa kidato cha tatu, mimi mwalimu wao wa fizikia, na meza moja ya maabara ambayo mguu wake tumeufunga kwa kamba. Kazi yenyewe ni kutengeneza haidrofoni, yaani maikrofoni ya majini, kwa vitu vinavyopatikana sokoni Darajani, kisha tuitumbukize baharini Kizimkazi, kusini mwa Unguja, tusikie sauti ambazo pomboo huzitumia kuitazama bahari yao. Nimeandika "kuitazama" kwa kukusudia, na kabla mradi haujesha nataka kila mtoto hapa ajue kwa nini neno hilo linastahili.

Wazo lilizaliwa mwaka jana, tulipofika mada ya mwangwi. Kitabu kilieleza popo kwa ukurasa mzima na kikamtaja pomboo kwa mstari mmoja. Darasani nina watoto wanaotoka Kizimkazi, wengine baba zao ndio wanaopeleka wageni kwa boti kuwaona pomboo. Nikawauliza: maji yakivurugika hata mtu haoni mkono wake, pomboo anampataje samaki? Mmoja akasema kwa macho. Mwingine akasema kwa harufu. Waliobaki walinyamaza. Hawa ni watoto waliowaona pomboo tangu hawajajua kusoma! Sikulala vizuri siku ile. Mnyama anatulisha, picha yake imechorwa kwenye kila boti na kila fulana, na hatujui hata anaionaje nyumba yake.

Kwa hiyo jambo la kwanza tulilobandika ukutani ni hili: hewani sauti huenda kama mita 340 kwa sekunde, katika maji ya bahari huenda kama mita 1,500. Nuru ni kinyume chake. Hata maji yawe safi namna gani, ukishuka makumi ya mita rangi zinakwisha na giza linakaribia. Kwenye matope ya mikoko hata mita moja ni nyingi. Anayeishi majini akitaka kujua kilicho mbali, sauti ndiyo itakayomfaa.

22 Juni

Leo ni kulehemu. Kiini cha haidrofoni ni kile kisahani chembamba cha shaba chenye weupe katikati, kinachotoa mlio ndani ya saa za mezani na kengele za geti. Ukikipa umeme hutetemeka. Ukikitetemesha hutoa umeme kidogo sana. Tumekiunga na waya wenye ganda la nyuzi za shaba ili usiokote makelele ya umeme, na njiani tumeweka transista moja ya kukuza, betri ya volti 9, na tundu la kuchomeka kinasa sauti.

Tatizo lilikuwa kukikinga na maji bila kuiziba sauti. Tulitaka kukitia ndani ya kichupa cha plastiki, na wanafunzi wakauliza kama kibaki na hewa. Tukajaribu kwenye ndoo. Kichupa chenye hewa kilikuwa kama kiziwi. Sauti ikitoka majini ikakuta hewa, karibu yote hurudi ilikotoka, kwa sababu vitu hivyo viwili havilingani kabisa kwa uzito wala kwa kasi ya sauti. Tukamimina mafuta ya mbarika, wengine huyaita ya nyonyo, tuliyoyanunua duka la dawa. Sauti hupita ndani ya mafuta hayo kwa kasi iliyo karibu sana na ile ya maji, kwa hiyo haijui hata kama imevuka mpaka. Ndoo ile ile, kugonga kule kule, na safari hii spika zilipiga kama ngoma.

Hapo nikasimamisha kazi, nikachora taya la pomboo ubaoni. Pomboo hana masikio ya nje. Ana vitundu viwili vidogo nyuma ya macho ambavyo ni vigumu hata kuviona, na sivyo anavyovitegemea. Taya lake la chini ni jembamba na lina uwazi ndani, na uwazi huo umejaa mafuta ya aina ya pekee yanayofika mpaka kwenye mifupa ya sikio. Sauti huingilia taya, hupita katika mafuta, hufika sikioni. Kenneth Norris, mtafiti wa Marekani, ndiye aliyeleta wazo hilo katika miaka ya 1960, na vipimo vya baadaye vikampa haki.

"Kwa hiyo, Mwalimu," akasema mmoja aliyeshika kichupa, "hili ndilo taya letu." Tumeliandika jina hilo kwenye kichupa kwa kalamu ya wino mzito. TAYA.

6 Julai

Hatukwenda na chombo leo. Tulikwenda ufukweni maji yakiwa yamejaa, tukafanya jaribio moja tu. Mwanafunzi mmoja anazama mpaka kichwa chote, macho amefumba. Wengine wamesimama kumzunguka, kiuno majini, kila mmoja na mawe mawili. Mmoja anagonga mawe chini ya maji. Aliyezama ananyoosha kidole sauti inakotoka.

Wote sita walishindwa. Mimi pia nilizama, na mimi nilishindwa. Sauti inasikika vizuri sana, kali, lakini inaonekana kutoka kila mahali, kama imezaliwa ndani ya kichwa chako mwenyewe. Hewani ubongo hutegemea kuchelewa kudogo kwa sauti kati ya sikio hili na lile. Majini kasi ni zaidi ya mara nne, kuchelewa kule kunakuwa haba mno. Tena fuvu letu limejaa majimaji na linapitisha sauti moja kwa moja, hivyo masikio yote mawili hupokea pamoja.

Pomboo naye ana fuvu la mfupa. Ila mifupa yake ya sikio haikushikamana na fuvu. Imening'inia katika mishipa, imezungukwa na mifuko yenye povu la hewa, na kama tulivyoona kwenye ndoo, hewa ndiyo ukuta mzuri kuliko yote wa kuizuia sauti majini. Kila sikio limewekwa kwenye chumba chake. Ile hewa iliyotuharibia kichupa, kwake yeye ni mali. Watoto walilipenda jambo hili kuliko yote, na mimi pia.

10 Agosti

Kusi kali. Nahodha wetu, mjomba wa mmoja wa wanafunzi, amekataa kutoka na nimemshukuru. TAYA imevuja kwenye shingo. Tumeifungua, tumeikausha, tumeiziba upya kwa gundi ile wanayotumia mafundi wa boti za faiba. Kutwa nzima ya kazi.

Wakati gundi inakauka tukajadili milango mingine ya fahamu, maana wanafunzi walidhani pomboo ni kipofu. Sivyo. Ana macho mazuri yanayoona ndani na nje ya maji. Mtu aliyemwona akitoa kichwa kuichungulia boti analijua hilo. Ila jamii yote ya nyangumi na pomboo imepoteza chembe za jicho zinazopokea rangi ya buluu, na karibu wote hawatofautishi rangi. Kunusa, nyangumi wenye meno, na pomboo ni mmoja wao, wamekuacha kabisa. Sehemu ya ubongo ya kazi hiyo haipo. Nyangumi wasio na meno, wale wanaochuja chakula, wamebaki na kiasi. Ladha nayo imekwenda: ladha ambayo jeni zake zimebaki nzima ni ya chumvi. Kuhusu ngozi, ni nyepesi kuhisi, na hawaachi kugusana. Na lipo jambo jipya: mwaka 2011 watafiti walionesha kwamba pomboo mdogo wa pwani za Amerika ya Kusini anahisi umeme dhaifu majini kwa vishimo vilivyo puani mwake, mahali zilipokuwa sharubu. Mwaka 2023 ikaoneshwa kwamba pomboo wa kawaida waliofugwa Ujerumani nao wanahisi. Samaki aliyejifukia mchangani hutoa umeme mdogo anapopumua, na pomboo aliyesogeza pua karibu ana njia ya pili ya kumtambua.

Jibu la yule aliyesema "kwa harufu" mwaka jana tumelifuta rasmi. Yeye mwenyewe ndiye aliyelifuta.

31 Agosti

Siku ya kwanza baharini! Tulitoka Kizimkazi Mkunguni saa kumi na mbili na nusu asubuhi, mashine ikazimwa nje ya mwamba, TAYA ikashushwa mita sita na chubwi chini yake.

Sauti ya kwanza haikuwa ya pomboo. Ilikuwa mchakato usiokoma, kama nazi inakaangwa kwenye mafuta ya moto, juu, chini, kila upande. Nilidhani waya umekatika. Nikakumbuka: ni kamba wadogo wa miambani, wale wenye gando moja kubwa. Wanalifyatua kwa nguvu kiasi kwamba maji yanachoropoka na kuacha kiputo, na kiputo kile kikivunjika ndicho kinacholia. Maelfu kwa maelfu, usiku na mchana. Kila anayesikiliza maji ya kina kifupi katika nchi za joto huanza nao. Hii ndiyo sebule ya pomboo wetu, na makelele haya ndiyo wanayozaliwa nayo.

Pomboo hawakutokea. Tulikuwa tumeanza kuvuta waya nilipomwona kijana mwenye spika za masikioni ameinua mkono, hataki mtu aseme. Nikazichukua. Chini ya ule mkaango kulikuwa na sauti nzito, ndefu, inapanda kama mtu anayeuliza, halafu mkoromo, halafu kilio chembamba. Ikanyamaza. Ikarudi vile vile, kwa mpangilio ule ule.

Nyangumi mwenye nundu. Hupanda kutoka bahari za baridi za kusini kila mwaka wakati huu kuja kuzaa na kupandana kwenye maji yetu ya joto, na madume huimba. Roger Payne na Scott McVay ndio walioonesha mwaka 1971 kwamba ni wimbo kweli, wenye beti zinazorudiwa kwa utaratibu, muda wa dakika nyingi kila mzunguko. Nahodha alivaa spika zile akakaa kimya mpaka tukaanza kuogopa. Akasema: "Mwalimu, mimi nina miaka arubaini juu ya maji haya." Hakumaliza sentensi.

Sauti nzito kama ile husafiri mbali sana, kwa hiyo huenda hata hakuwa karibu. Nyangumi wasio na meno hawatumii vidoko, ile milio mifupi mikali ambayo pomboo huipiga ili asikilize mwangwi wake; kwao sauti ni ya kuitana. Lakini masikio ndiyo yanayoibeba bahari yao pia.

14 Septemba

Pomboo wanane au tisa, saa moja ya asubuhi, mita therathini kutoka chomboni, wakizunguka polepole. TAYA majini, kinasa kinafanya kazi. Tulisikia mbinja, yaani miluzi, mbili tatu nzuri sana. Vidoko hakuna. Yaani vipo, ila ni tiki hafifu zinazopotea kati ya makelele ya wale kamba. Vijana walivunjika moyo. Walikuwa wamewaahidi wenzao darasani.

Nilirudi nyumbani nikatafuta kosa usiku huo, nikalipata kwenye hesabu, siyo kwenye kulehemu. Kidoko cha pomboo kina nguvu zake nyingi kwenye mitetemo 110,000 mpaka 130,000 kwa sekunde. Sikio la mtu hukomea 20,000. Kinasa chetu huchukua vipimo 48,000 kwa sekunde, na ili kuushika mtetemo unahitaji vipimo viwili kwa kila mmoja, kwa hiyo chenyewe hukomea 24,000. Tulikuwa tunaokota makapi ya pembeni tu.

Nilipowaeleza nilitumia mfano wa pwani. Mtu akichungulia bahari mara moja tu kwa siku, hawezi kujua kwamba maji hujaa na kupwa mara mbili. Ataona maji yamesogea kidogo leo kuliko jana, atadhani ndiyo habari yote. Lazima achungulie mara nyingi kuliko bahari inavyobadilika. Kinasa chetu kilikuwa mtu huyo. Tumeandika barua kuomba kuazima kinasa cha kisayansi.

28 Septemba

Bahari imetulia, pomboo hawakuonekana, tukakaa kibarazani kwa nahodha tukila mihogo. Akaniuliza swali ambalo nilikuwa naliogopa.

"Mwalimu, unasema mnyama huyu anaona kwa sauti, hata gizani. Basi mbona anakufa kwenye jarife?"

Hasemi kwa nadharia. Zamani, kabla ya wageni kuanza kuja miaka ya 1990, hapa Kizimkazi pomboo waliwindwa ili wawe chambo cha kuvulia papa, na baba yake alikuwamo. Na jarife, zile nyavu za kutega, bado zipo baharini. Omar Amir na wenzake walichapisha utafiti mwaka 2002 kuhusu pomboo wanaonaswa katika nyavu za Zanzibar bila kukusudiwa, na kila mvuvi mkweli atakuambia ameshamwona mmoja.

Nilimjibu hivi. Kidoko kikigonga kitu, kinachorudi hutegemea kitu chenyewe. Samaki ana kibofu cha hewa tumboni, na hewa majini inang'aa kwa sauti kama kioo juani. Uzi wa nailoni ni mwembamba sana na uzito wake unakaribiana na wa maji. Wimbi la mitetemo 120,000 lina urefu wa sentimita moja na robo, uzi ni sehemu ndogo mno ya hapo. Mwangwi wake ni mnong'ono, pomboo huupata akiwa karibu, na huenda akawa na mwendo. Pili, hapigi vidoko wakati wote. Akipumzika husinzia kwa nusu ya ubongo na nusu nyingine ikikesha, na hunyamaza. Mtu anayeijua njia ya nyumbani naye hatazami kila hatua.

Kisha nikamsimulia habari ya Arthur McBride, aliyekuwa akisimamia hifadhi ya samaki na pomboo huko Florida. Mwaka 1947 aliandika kwamba pomboo waliowindwa usiku, kwenye maji machafu, walizikwepa nyavu za matundu madogo, lakini matundu yakiwa makubwa waliingia. Alihisi kuna mwangwi ndani yake, kabla mtu yeyote hajathibitisha. Maandishi yake yalichapishwa 1956, mwenyewe ameshafariki. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 ndipo Norris na wenzake walipomfunika pomboo macho kwa vikombe vya mpira, naye akaogelea kati ya vizuizi na kuokota samaki bila kukosea.

Nahodha alifikiri. "Jarife ina matundu makubwa," akasema. Ndiyo, Mzee. Matundu makubwa.

12 Oktoba

Kinasa kimefika, pamoja na haidrofoni yake, kwa mkopo wa wiki nne kutoka kwa mtafiti aliyetusikia na kutuamini. Vipimo 384,000 kwa sekunde. TAYA tuliishusha vilevile kando yake. Hatukuwa na moyo wa kuiacha nyumbani.

Pomboo watano, maji kupwa, kina cha mita kumi hivi. Mashine imezimwa kwa robo saa nzima kabla hawajakaribia wenyewe. Wawili walipita chini ya chombo. Masikioni hatukusikia kitu cha ajabu. Tuliporudi skuli tukaifungua kwenye kompyuta na kuipunguza kasi mara kumi na sita, chumba kizima kilinyamaza.

Vidoko. Safi, vikali, kimoja baada ya kingine, kama mtu anatembea na fimbo kwenye sakafu ya mawe. Halafu vinakaribiana. Vinakimbia. Vinaungana vikawa mkwaruzo mmoja, kama bawaba ya mlango mkavu. Kisha kimya.

Kila kidoko kinachukua chini ya sehemu moja ya elfu kumi za sekunde. Hakitoki kooni. Hutengenezwa puani, chini ya tundu la pumzi, kwa midomo midogo ya nyama inayopigana hewa ikipita kati yake. Hewa yenyewe haitoki nje, huzungushwa kwenye vifuko na kutumika tena. Sauti hupita mbele kwenye lile paji la mviringo, ambalo nalo ni mafuta, na mafuta yale huikusanya iwe mwale mwembamba, kama tochi. Ndiyo sababu vidoko vingi huwezi kuvinasa hata ukiwa na chombo kizuri: mwale haujakuelekea.

Mtoto mmoja, yule mkimya, ndiye aliyelifikia. "Hivi vikali vilitupata sawasawa kwa sababu alikuwa ametuelekea. Mwalimu, alikuwa anatuangalia sisi."

13 Oktoba

Hesabu. Pomboo kwa kawaida hupiga kidoko, husubiri mwangwi urudi, hukaa kidogo, ndipo apige kingine. Kule kukaa kidogo kwa pomboo waliofunzwa kumepimwa: kama milisekunde 20. Kwa hiyo nafasi kati ya vidoko inatuambia, kwa kukisia, anatazama umbali gani.

Mwanzo wa mfululizo wetu: nafasi ya milisekunde 76. Ondoa 20, inabaki 56. Zidisha kwa mita 1.5 kwa kila milisekunde, gawa kwa mbili maana ni kwenda na kurudi: mita 42. Katikati: nafasi 35, inatoka mita 11 na robo. Mwisho, kwenye mkwaruzo, nafasi inashuka chini ya milisekunde 5, vidoko zaidi ya 200 kwa sekunde, na hapo hesabu yetu inagoma kwa sababu hata zile 20 hazipo. Pomboo anapokaribia kabisa hubadili mtindo, anachukua habari kwa mkupuo. Wanafunzi waliandika kwenye daftari mita 42, mita 11, "amefika". Alichofikia ni chubwi letu la risasi, au haidrofoni, au TAYA. Kitu chetu.

Kwa kulinganisha niliwapa kipimo cha Whitlow Au kule Hawaii: pomboo alitambua mpira wa chuma wenye kipenyo cha sentimita 7.62, sawa na chungwa, uliojazwa maji, akiwa mita 113. Ni zaidi ya urefu wa uwanja wetu wa mpira, goli hadi goli. Kisha mmoja akauliza kuhusu nyangumi wa meno mkubwa kuliko wote, yule wa mafuta ya kichwani. Pua yake ni kama theluthi ya mwili, na vidoko vyake ni sauti yenye nguvu kuliko ya mnyama yeyote aliyepimwa. Huwinda ngisi zaidi ya mita elfu chini, penye giza tupu. Mwili wote umejengwa kuizunguka sauti.

26 Oktoba

Mbinja. Hizi TAYA inazimudu, kwa kuwa ziko kati ya mitetemo 4,000 na 20,000 hivi. Tumezichora kwenye picha za sauti: mistari inayopanda na kushuka. Kuna mmoja unaofanana na herufi M uliojitokeza siku tatu tofauti. Mtu na mkewe, David na Melba Caldwell, waligundua mwaka 1965 kwamba kila pomboo ana mbinja yake mwenyewe. Mwaka 2013 Stephanie King na Vincent Janik walionesha kwamba pomboo akichezewa nakala ya mbinja yake huitikia, na za wengine huziacha. Kwa maneno mengine ana jina, na wenzake humwita kwalo. Mama na mtoto wakipotezana hutafutana hivyo.

Pomboo wa Kizimkazi si wengi. Hesabu za mwanzoni mwa miaka ya 2000 ziliwaweka chini ya 200 kwa ile jamii ya kawaida, na wale wenye nundu mgongoni pungufu sana ya hapo. Inawezekana kabisa M ni mmoja ambaye watoto hawa wamemwona tangu wadogo. Wameanza kumwita Emu.

9 Novemba

Jaribio hili niliahirisha mara mbili kwa sababu nilijua tutakachokikuta. Pomboo hawakuwapo karibu, na ndivyo tulivyotaka. Sisi tuko ndani ya ngalawa, mashine hakuna, haidrofoni chini. Nahodha anapita na boti yake kwa umbali tuliouwekea maboya: mita 200, 100, 50. Polepole kwanza, kisha kasi ile wanayotumia wakiwahi kundi.

Polepole, mita 200: kamba wanasikika bado, na mbinja ya M, tuliyoiweka juu ya picha kulinganisha, inaonekana. Kwa kasi, mita 100: weupe mtupu kutoka chini hadi juu ya picha. Mbinja imefunikwa yote. Rafadha ikizunguka kwa nguvu hutengeneza viputo vingi vinavyovunjika, jambo lile lile la gando la kamba, mara nyingi zaidi. Na tulikuta kitu ambacho sikukitarajia: kila alipoingiza gia au kuitoa, ulitoka mlio wa kugonga, mkali kuliko mvumo wote. Manahodha hufanya hivyo wakati gani? Wanapokuwa karibu kabisa, wanajaribu kuiweka boti mbele ya kundi ili wageni waruke.

Asubuhi ya msimu huja boti nyingi kwa kundi moja. Nimewaza kuhusu jaribio letu la mawe tulipozama tukashindwa kunyoosha kidole. Tulitoka majini, tukakauka, tukaenda nyumbani. Emu hana pwani ya kutokea.

17 Novemba

Nahodha aliwaalika wenzake wanne nyumbani kwake baada ya alasiri. Sikuhutubia. Mwanafunzi wa kwanza aliwasikilizisha nyangumi. Wa pili vidoko, vilivyopunguzwa kasi, na akawaonesha kwenye daftari mita 42, mita 11, amefika. Wa tatu akaweka mbinja ya M, halafu mbinja ile ile na boti ya mita 100 juu yake. Mmoja wao aliomba irudiwe. Ikarudiwa mara tatu. Akauliza ile milio ya kugonga ni nini, nahodha wetu akamjibu kabla yetu: "Gia yako hiyo."

Walizungumza wao kwa wao kwa muda, juu ya bei ya mafuta, juu ya wageni wanaodai warudishiwe fedha wasipoogelea na pomboo, juu ya mwenzao atakayewapita wakizima mashine. Sababu zote za kweli. Wawili wamekubali kujaribu: kupunguza mwendo mapema, kuzima kabisa mbele ya kundi, kungoja pomboo waje wenyewe, bila kuchezea gia. Wawili wengine hawajakubali.

Kinasa cha kuazima kimesharudi kwa mwenyewe, kwa hiyo vidoko hatuvipati tena mwaka huu. Mbinja tunazipata. Tarehe 23 tunatoka na ngalawa, TAYA na betri mpya. Tutaandika boti ipi imefika vipi, na baada ya dakika ngapi tumesikia mbinja tena. Watoto wameomba tutoke saa kumi na mbili kamili badala ya na nusu, kabla ya boti ya kwanza.